Mchokozi wa Kisima

Siku wanaume walipoondoa miba na magogo yaliyokiziba kisima cha zamani, kisima kilipumua. Sina neno jingine la kulieleza jambo lile. Hewa iliyokuwa imefungiwa humo ilipanda polepole, baridi, yenye harufu ya udongo usioona jua, ikawapita watu usoni, na mbuzi waliokuwa wakichungulia karibu wakarudi nyuma. Watu wa Mahandu walicheka kidogo, kama wanavyocheka walioogopa wakiwa wengi. Paulina hakucheka. Alikuwa amesimama mbali, upande wa wanawake, pembe ya kanga ikiwa imemfunika pua na mdomo, na harufu ile aliijua. Ndiyo iliyokuwa kwenye shati la mumewe siku walipomtoa mle.

Kijiji chetu kiko kusini mwa Dodoma, njia ya kuelekea Mtera, mahali ambapo mvua huja kama mgeni asiyelala. Kwa muda tuliringia mashine. Kisima kirefu kilichimbwa kwa mtambo, bomba likasimama katikati ya kijiji, tukapigwa picha tukinawa nyuso kwa fujo. Kisha mashine ikakohoa, ikafa. Fundi alikuja, akaifungua, akaondoka na kipande chake akisema atarudi kesho kutwa, na hiyo kesho kutwa haijafika mpaka leo. Tukarudi kwenye lambo, tukagawana maji na ng'ombe, nao ng'ombe hawana adabu ya kunywa bila kukojoa. Watoto wakaanza kuharisha. Priska, mjukuu wa Paulina, aliharisha hadi macho yakazama, akalazwa zahanati, na aliporudishwa nyumbani alikuwa mwepesi kama kikapu kitupu.

Ndipo Gerson, baba yake Priska, aliposimama kwenye mkutano wa kijiji akasema kuwa kile kisima cha wazee bado kina maji chini yake, ila kimejaa udongo, na kwamba yeye atashuka. Alikuwa fundi wa visima, kijana aliyetoka upande wa Mpwapwa akamwoa Emiliana, binti pekee wa Paulina. Alilisema jambo hilo kwa sauti ya kawaida, kama mtu anayeaga kwenda gulioni. Wanaume wakapiga makofi. Kazi ikapangwa kuwa ya msaragambo, kila nyumba itoe mtu: wanaume wavute kamba, wanawake wabebe udongo na kukusanya mawe.

Paulina alitamani kumkataza. Lakini mama mkwe wa kwetu hamkatazi mkwewe. Hamwiti jina, hamtazami usoni, na wakikutana njiani mmoja wao hupisha kichakani mpaka mwenzake apite. Emiliana akiwapo, maneno hupitia kwake. Asipokuwapo, hupitia kwenye kinu. "Wewe kinu," Paulina husema akiwa ndani, "mwambie aliyeko uani ugali unapoa." Naye Gerson, akiwa uani na uso ameugeuzia zizi, hukijibu kinu kwamba amesikia na anashukuru. Kinu cha nyumba ile kilikuwa kimesikia mengi kuliko shemasi.

Jioni ya mkutano Paulina alikaa karibu na kinu. Kisha akasema, "Wewe kinu, mwambie huyo mtu kile kisima kina mwenyewe. Kilishachukua mtu wa nyumba hii."

Uani Gerson alikuwa akizungusha kamba mkononi, akiikagua uzi kwa uzi.

"Wewe kinu," akasema mwishowe, "mwambie mama kwamba mtoto akiharisha tena, hatarudi."

Paulina akainuka, akaenda kumfunika Priska.

Hapa yanipasa nieleze jambo ambalo wageni hulichekea. Kwetu mtu hashuki kisimani bila mchokozi. Wanaovuta kamba ni wengi, lakini mchokozi ni mmoja, husimama ukingoni, na kazi yake ni kumtukana aliyeko chini tangu anaposhuka mpaka anapopanda. Ni lazima awe mtani, maana tusi la mtani halina sumu. Tusi la mtu mwingine hushuka shimoni likabaki humo, na wazee wanasema maji yake huwa machungu. Wageni husema huu ni ushenzi. Hawajui kisima. Chini kule kuna hewa nzito isiyo na rangi wala harufu, ambayo humlaza mtu kama pombe tamu. Na sisi ni watu wa adabu. Ukituuliza hali tutasema nzuri. Nyumba imeungua, nzuri. Ng'ombe wamekufa, nzuri. Ndipo baadaye, taratibu, tuanze kueleza. Ukimwuliza aliyeko shimoni, "Mzima?" atajibu "Mzima" hata kama roho imefika kooni, kwa sababu jibu hilo halitoki kichwani, linatoka kwenye malezi. Lakini tusi zuri halina jibu la kukariri. Anayetukanwa lazima afikiri ndipo arudishe. Akichelewa, au akirudisha tusi lililopoa, wavute kamba bila kungoja. Watu husema kuuliza si ujinga. Kisimani ni ujinga, tena wa kuua.

Haya Paulina hakuyajua kwa kusimuliwa. Mwaka ule Marko mumewe aliposhuka kukisafisha kisima hiki hiki, mtani wetu, Abubakari, alikuwa amekwenda Mtera kununua samaki. Wanaume hawakutaka kungoja. Charles, kaka yake Paulina, akajitolea kusimama ukingoni. Charles alikuwa mwinjilisti. Alikuwa ameokoka, na ulimi wake ulikuwa umeokoka pamoja naye. Hakuweza kumwita shemeji yake fisi wala nguruwe. Akawa anamwuliza kwa upole, "Shemeji, mzima?" na Marko anajibu, "Mzima." Paulina alikuwa hatua chache kutoka hapo akichagua mawe. Mara moja Marko alimwita yeye kutoka chini, "Paulina!", bila sababu, kama alivyozoea kumwita nyumbani, na yeye, kwa kuona haya mbele za wanaume, hakuitika. Baada ya hapo zikaja zile "Mzima" za mwisho, na ya mwisho kabisa ilikuwa kama ya mtu anayesemea usingizini. Hakuna aliyeshtuka. Si alikuwa anajibu? Walipokuja kushtuka, kamba ilikuwa nzito kwa namna nyingine.

Charles alihamia mjini Dodoma, Chang'ombe, akafungua kiduka, na hajakanyaga Mahandu tena. Paulina alimsamehe kwa mdomo, na moyo wake bado uko njiani. Tangu siku ile hakuna aliyemwita kwa jina tupu. Kwa kijiji kizima ni Mama Emiliana. Na ukimsalimu ukamwuliza kama ni mzima, atatikisa kichwa tu. Neno lile halitoki kinywani mwake.

Basi kazi ikaanza. Kila asubuhi kibatari kilichowashwa kiliteremshwa kwa kamba mpaka chini kupima hewa, watu wote wakiutazama ule mwali mdogo unavyopungua gizani. Kikirudi kikiwaka, Gerson hujifunga kamba kifuani na mapajani, huweka sururu begani, hushuka. Na Abubakari huanza.

Huyu Abubakari ni Mnyamwezi. Baba yake aliletwa na kazi ya reli. Yeye akaoa kwetu, akazeekea kwetu, anatengeneza baiskeli. Kifo cha Marko kilimkaa rohoni kama deni la mtu mwingine alilolidhamini. Safari hii aliapa hataondoka ukingoni hata kwa haja ndogo, na karibu atimize kiapo.

"Gerson!" alinguruma. "Unachimba, au unatafuta mlenda huko?"

"Natafuta maji, mpagazi wewe!" sauti ilipanda. "Nikiyapata nitakutwisha uyapeleke Bagamoyo kwa miguu, kama babu yako."

"Babu yangu alipita hapa akiwa na pembe za ndovu. Babu zenu walikaa njiani wakimtoza hongo ya maji. Leo mjukuu hana hata tone la kunawia uso."

"Tumelificha! Tulijua mtarudi!"

Watu walicheka, kamba ilipanda na kushuka, roda iliyoipitisha ililia, ndoo za udongo zikamwagwa. Kwa mbali ungedhani ni sherehe. Paulina alibeba karai lake la udongo kichwani, akaenda akarudi, na hakusikia utani, alisikia muda. Alisikiliza ile nafasi iliyoko kati ya tusi na jibu lake, kama mama asikilizavyo pumzi za mtoto mwenye homa. Ikiwa fupi, alipiga hatua. Ikirefuka kidogo, alisimama, na udongo ukamchuruzika mgongoni bila yeye kujua. Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka, na Paulina alikuwa akishtuka tangu jua linapochomoza. Nasema wazi kwamba sala yake siku zile haikuwa ya maji. Aliomba sururu ivunjike, kamba ikatike ikiwa haina mtu, mawe yagome, wanaume wachoke. Aliomba kazi ishindikane bila mtu kufa, kisha akamwona Priska amelala kivulini na miguu yake myembamba, akaona haya, akaanza sala upya.

Kadiri shimo lilivyokwenda chini, sauti ya Gerson ilikonda. Ikawa kama inatoka nyuma ya ukuta, kisha nyuma ya kilima. Na sauti ya Abubakari nayo ikaanza kukatika, maana kumtukana mtu kutwa nzima, siku baada ya siku, kwenye vumbi letu, si kazi ya koo la mzee. Alitafuna tangawizi, alilamba asali aliyoletewa kutoka kwao Tabora, alijifunga kitambaa shingoni. Asubuhi moja akafungua kinywa ukingoni, ukatoka upepo mtupu.

Wapo waliosema wasubiri apone. Lakini jioni iliyotangulia ndoo ya mwisho ilikuwa imepanda na mchanga mbichi. Watu waliufinyanga viganjani, wengine waliuweka kwenye ulimi. Na zile kuta za chini zilikuwa bado hazijajengewa mawe, zikiachwa zitabomoka, na kazi yote irudi ilikotoka. Gerson mwenyewe alisema leo au basi. Kibatari kiliteremshwa, kikarudi kinawaka. Abubakari alitikisa kichwa kukataa, akashika mkono wa huyu na yule, midomo ikicheza bila sauti, lakini nani humsikiliza mtu asiyesikika? Mwenyekiti wa kitongoji, Jordan, mtu mwema, rafiki wa Gerson wa kucheza naye bao, akasema yeye atasimama badala yake. Kutukana hawezi, kwa kuwa si mtani. Lakini atamwita kila wakati, na mikono ya watu iko kwenye kamba. Paulina aliyasikia maneno hayo. Alimtuma Emiliana akaseme wangoje. Emiliana alikwenda, akarudi, akasema wanaume wamesema ni kazi ya muda mfupi tu.

Gerson akashuka.

"Gerson, mzima?" Jordan aliita.

"Mzima, mwenyekiti. Mchanga umelegea."

Ndoo zikapanda. Jua likapanda. Upepo, ambao hapa kwetu hauna likizo, siku ile ulikufa kabisa, majani ya mtama yakasimama wima kama yanayosikiliza. Chini yakasikika mapigo ya mtarimbo, mwamba ukilia, kisha mlio mwingine, mzito, kama gamba kubwa limepasuka. Watu wakashangilia. Jordan akainama ukingoni.

"Gerson! Vipi huko, mzima?"

"Mzima."

Paulina alikuwa amejitwisha karai nusu. Akalishusha. Neno lilikuwa limetoka sawa, lakini halikuwa na mtu ndani yake.

"Umesikia?" akamwuliza binti yake.

"Amejibu, mama."

"Hajajibu. Ameitikia."

Emiliana akamtazama mama yake, kisha akatazama upande wa kisima. Jordan aliita tena. "Mzima," kisima kikasema, taratibu, kwa adabu kamili. Wanaume walikuwa wakifuta jasho, wakizungumza juu ya ule mlio, kwamba bila shaka ndio mwamba wa maji. Abubakari peke yake alikuwa amemshika Jordan begani akimtikisa, na Jordan alikuwa akimwambia kwa heshima, "Mzee, tulia, anajibu."

Sijui Paulina alifikaje ukingoni. Waliomwona wanasema hakukimbia. Alitembea kama mtu anayekwenda kuaga maiti, na kanga ilimteleza kichwani ikabaki mabegani, na wanaume wakapisha kwa sababu hawakujua la kufanya na mama mkwe aliyekuja kichwa wazi kwenye shimo alimo mkwewe. Alichungulia. Chini kulikuwa na giza lile lile alilokuwa akiliota. Jina la mkwewe alikuwa hajawahi kulitamka tangu siku ya posa. Akahisi hofu mbili zikimvuta huku na huku, ya kuvunja mwiko na ya kuchelewa, na ya pili ikashinda.

"Gerson!" akaita.

Wavuta kamba nusura waachie.

"Wewe Gerson! Ulikuja kumposa mwanangu na viatu vya kuazima, kimoja kinacheka, kimoja kinalia!"

Hakuna aliyecheka. Sauti yake ilishuka ikagonga kuta za mawe, ikazama. Kisha, kutoka mbali sana, kwa upole, kikaja kile alichokijua.

"Mzima."

Hapo ndipo kila mtu alipoelewa, kwa wakati mmoja.

"Vuteni," Paulina akasema.

Wakavuta. Roda ikapiga kelele. Kamba ilikuja nzito, ikivutana na kitu kilichokuwa kikigonga kuta kulia na kushoto, na Paulina akapiga magoti ukingoni akaendelea kutukana, maana alihisi kwamba akinyamaza ile kamba itakuwa nzito kwa namna nyingine. Alimwambia anakoroma mpaka ng'ombe wanavunja zizi. Alimwambia alimmaliza jogoo wake peke yake mchana na jioni akaulizia supu. Maneno aliyoyaweka ndani muda wote ule, ambayo hata kinu hakikuambiwa, yalimtoka moja juu ya jingine, na machozi yakimtoka pamoja nayo. "Uliniacha na mtoto mgongoni," akasema, "uliniita mbele za watu, kisha ukaniacha na mtoto mgongoni," na Gerson hakuwahi kumwacha mtu yeyote na mtoto mgongoni. Sisi tuliokuwa karibu tulitazama chini.

Gerson alitokea kichwa kikining'inia, uso una rangi ya majivu, midomo rangi ya zambarau. Miguu yake ilikuwa na tope bichi hadi magotini, na hakuna aliyelitazama tope. Wakamlaza juu ya lundo la udongo alilolichimba mwenyewe. Abubakari akampepea kwa kofia yake. Emiliana alimshika miguu, akisugua tope lile kwa viganja kana kwamba kazi iliyobaki duniani ni kumsafisha. Tulingoja. Kifua kilikaa, kikakaa, kisha kikainuka kama cha mtu aliyekumbuka jambo. Akakohoa, akatapika kando, akafungua macho.

Kitu cha kwanza alichokiona kilikuwa uso wa mama mkwe wake, wazi, karibu, umelowa. Uso ambao hakuwahi kuutazama.

"Havikuwa vya kuazima," akasema.

Jordan akadhani anaweweseka, akaomba maji.

"Viatu," Gerson akasema, akipumua katikati ya maneno. "Nilivinunua mnadani. Vyote viwili vya kushoto."

Paulina alivuta kanga akajifunika kichwa. Akainuka, akageuka, akaenda nyumbani bila kumtazama mtu, akaketi chini kando ya kinu mpaka jua lilipozama.

Mwiko uliovunjwa una taratibu zake. Wazee walikaa, kuku mweupe akachinjwa, unga wa mtama ukanyunyizwa mlangoni, mama mkwe na mkwe wakanawa maji ya chombo kimoja wakiwa wamegeuziana migongo. Ikasemwa kuwa yaliyosemwa ukingoni yamebaki ukingoni. Gerson alilala ndani kichwa kikimgonga. Akapata nafuu, akaanza kukaa uani. Pale kisimani, kila aliyechungulia aliona chini kitu kinachong'aa kidogo, kama jicho. Maji yalikuwa yamekuja, na hewa mbaya ilikuja nayo kupitia mwamba ule ule. Vijana walifunga matawi ya mwarobaini kwenye kamba wakawa wanayapandisha na kuyashusha kutwa nzima ili hewa itembee. Lakini kuta zilikuwa zinadondoka. Udongo uliporomoka chubwi, chubwi, na kila ulipoporomoka jicho lile lilififia. Pasipo mtu wa kushuka kujenga mawe, lingefumba. Na mtu wa kujenga mawe majini tulikuwa naye mmoja.

Jioni moja Gerson alikaa uani, uso ameuelekeza zizini.

"Wewe kinu," akasema. "Mwambie mama kesho nashuka."

Akakohoa kidogo, akaendelea.

"Mwambie kwamba mzee Abubakari bado hana sauti. Na mwambie mama sitashuka kwa sauti ya mtu mwingine isipokuwa yake yeye."

Ndani Paulina alikuwa amekaa na Priska mapajani, mtoto akinyonya kipande cha boga. Akikataa, shimo litazibwa tena, na huyu atakunywa maji ya lambo. Akikubali, roho ya mtu itakaa katika masikio yake mawili, masikio ambayo yalishawahi kusikia na yasifanye kitu. Alimbusu mtoto kichwani. Alikuwa anaogopa kuliko siku yoyote ya maisha yake, na hakuna mtu wa kumwambia isipokuwa lile gogo lililotobolewa.

Asubuhi tulimkuta ukingoni kabla yetu. Wazee walikuwa wamelipima jambo hilo wakaamua kwamba ndani ya mduara wa mawe ya kisima yeye ni mtani, nje ya mduara ni mkwe. Akavuka mawe yale kwa mguu wa kulia kama anayeingia nyumba ya wageni. Abubakari alimwekea kigoda, akabaki nyuma yake, mkono kwenye kamba. Kibatari kikashuka, kikarudi kinawaka, kikashushwa tena, kikaachwa huko huko. Gerson akapita akiwa ameinamisha macho, akashuka. Mawe yakateremshwa kwa ndoo. Tukasikia ya kwanza yakigongwa, yakikaa.

"Gerson," Paulina akaita, na jina likatoka kwa shida ile ile. "Huo mstari wako umepinda kama njia ya mlevi. Hata kuku hawezi kulalia hapo."

Hakuna jibu.

Jiwe lililokuwa likigongwa liliacha kugongwa. Wanaume walikaza kamba. Paulina aliinama zaidi, akitazama ile nukta ya kibatari, nayo ilikuwa inawaka, lakini siku ile nyingine pia kibatari kilirudi kikiwaka. Akaelewa jambo ambalo hakulifikiria usiku kucha. Kijana huyu alikuwa amelelewa. Amwambie nini mama wa mke wake? Kimya cha adabu na kimya cha kifo vilikuwa na uzito mmoja, na yeye hakuwa na mizani ya kuvitenganisha.

"Mwanangu," akasema mbele ya watu wote, "heshima yako iache huku juu. Ukinyamaza kwa adabu utaniua mimi. Nijibu."

Tone moja lilidondoka mahali fulani chini. Mikono ya wavuta kamba ilianza kujikusanya. Abubakari alifumba macho.

"Paulina," kisima kikasema.

Hilo jina tupu, lisilo na mama mbele yake, mara ya mwisho lilitoka humo humo, na yeye hakuliitika.

"Naam," akasema. "Naam, nipo. Sema."

"Mstari umepinda," sauti ikapanda, taratibu, kila neno likipangwa kama jiwe, "kwa sababu nilikuwa naupanga nikikumbuka meno yako."

Nyuma yake mtu alivuta pumzi kwa mshtuko, na mwingine akazuia kicheko. Paulina hakucheka. Alilishika lile tusi kichwani akalipima upande huu na upande ule, kama mtu anayeonja mboga kabla ya kuwapa watoto: halikuwa la kukariri, halikuwa la usingizini, lilikuwa na chumvi. Lilikuwa la mtu aliye hai kwa sasa. Akajifuta uso kwa pembe ya kanga, akasogeza kigoda karibu zaidi na ukingo, akaanza kutafuta tusi jingine.